Ngazi za Mnara Hushuka Pia

Mwanangu Atupele,

Gari lako limejaa mpaka dirisha la nyuma halionyeshi kitu. Nimekaa hapa tangu mchana nikilitazama. Theluji ya mwisho imebaki vichuguu vyeusi pembeni mwa maegesho, na kila anayepita anavizunguka kwa hatua za uangalifu, isipokuwa wewe, ambaye leo asubuhi umeviruka kimoja baada ya kingine huku umebeba sanduku la vyombo. Mama yako amekwenda kumalizia zamu yake ili kesho awe huru kukuaga. Wewe umetoka kwenda kuagana na wenzako wa ukumbi wa mazoezi kule Saint Louis Park. Nimebaki na chai ya tangawizi, kalamu, na moyo huu ambao daktari anauzungumzia kwa upole mwingi, kama mwalimu mkuu anayemweleza mzazi habari za mtoto aliyefeli.

Mambo ya mafuta ya gari, bima, na kutolala kwenye maegesho ya barabara kuu, mama yako ameyamaliza. Sina la kuongeza. Barua hii nitaiingiza ndani ya kiatu chako hapo mlangoni, ili usiweze kukivaa bila kuitoa. Isome kabla ya kuondoka. Isome polepole, kwa sauti, kama ulivyokuwa ukisoma masomo kanisani ulipokuwa mdogo. Neno likikushinda muulize mama yako, ila usimpe aisome yote peke yake, maana kuna mahali panamhusu.

Jumapili iliyopita, baada ya ibada, watu walikuzunguka kwenye meza ya chai. Mama Furaha, jirani yetu wa zamani wa mtaa wa Phillips, yule mama wa Bukavu mwenye vitenge vinavyowaka, alikushika mkono akakuuliza: "Atu, bale batu ya sinema bakikuambia ruka, na unaona ile fasi ni kifo, utafanya nini?"

Nawe ukamjibu: "Mama Furaha, baba yangu ali-jump kila kitu. Hajawahi kusema no, hata once. Ni goti ndiyo ilim-stop. Mimi pia sitasema no."

Watu wakapiga makofi. Mama Furaha akasema, "Mais huyu mtoto!" Mimi nikashika goti langu, kwa mazoea.

Atupele, goti langu halijawahi kuwa na tatizo lolote.

Nimelitaja goti hili kwa miaka mingi kuliko umri wako. Limenitoa kwenye ujenzi wa kanisa, kwenye kuhamisha makochi ya watu, kwenye kucheza muziki harusini. Sikujali, kwa sababu uongo wa goti haukumdhuru mtu. Lakini Jumapili ile niliona umeujenga mwili wako juu yake. Unakwenda Atlanta kuanguka kutoka juu kwenye sinema kwa sababu unaamini umezaliwa na mtu asiyekataa. Sitaki uruke hata mara moja kwa ajili ya mtu huyo. Hakuwepo.

Unajua sehemu ya hadithi. Kwamba nilitoka Tukuyu kijana nikasoma kwa mapadri wa Kiitaliano huko Iringa, wakanifundisha lugha yao na Kilatini, kisha wakanituma Roma nikasome falsafa nirudi kufundisha. Kwamba huko Roma mwenzangu wa bwenini aliniambia pembezoni mwa jiji watu wa sinema wanatafuta vijana warefu wa kusimama na mikuki nyuma ya mfalme. Nilikwenda kusimama na mkuki. Mfalme alikuwa mfanyabiashara wa viatu mwenye mafua. Tulisimama mpaka mchana, ndipo akaja mtu mfupi, kifua kipana, pua imepinda upande mmoja, akanitazama kutoka chini mpaka juu.

"Wewe Mrefu, unajua kupigwa?"

"Nimesoma shule ya mapadri," nikamjibu.

Alicheka hadi akashika ukuta. Huyo ndiye Anselmo, ambaye mimi nilimwita Anselmi kama tunavyosema kwetu, na yeye hakuniita jina lingine zaidi ya Mrefu mpaka alipokufa.

Baba yake aliendesha mkokoteni wa kusambaza mvinyo, na Anselmi alikulia miguuni mwa farasi. Pua yake haikuvunjwa na ngumi, ingawa baadaye kila mwongozaji aliamini hivyo. Ilivunjwa na farasi wa baba yake aliyekuwa na usingizi. Alipoingia kwenye sinema alikuwa fundi wa kupigilia misumari majengo ya bandia. Siku moja mtu wa kuanguka na farasi hakutokea, wakauliza nani anaweza, akaweka nyundo chini. Tangu siku hiyo kazi yake ikawa kuanguka. Alianguka kutoka kwenye magari ya vita ya Kirumi, kutoka kwenye majahazi ya mbao yaliyojengwa bwawani, kutoka kwenye baa za kauboi. Alichomwa, alinyongwa, alitupwa dirishani na watu waliokuwa wanaogopa hata kumgusa.

Wewe unajua mambo haya kwa vitendo kuliko mimi, lakini nataka ujue ulikotoka mkono wako. Somo la kwanza alilonipa lilikuwa hili: "Ngumi si ya anayepiga. Ni ya anayeipokea." Steringi anapitisha mkono hewani mbali na shavu lako, anakwenda zake kuchana nywele. Ni wewe unayegeuza kichwa, unayerusha mate, unayebomoa meza. Ukifanya kazi vizuri, watu wanatoka nje wakisema, "Yule steringi ana mkono mzito!" Nilipenda jambo hilo. Nililelewa na watu waliotaka sifa zao zitajwe, na hapa nilikuta watu wazima waliofurahi kwamba sifa zao zimekwenda kwa mwingine.

Tulikufa sana. Katika picha moja nilikufa asubuhi nikiwa mwizi wa farasi, mchana nikafa nikiwa askari aliyemuua yule mwizi, na jioni nikawa mmoja wa wabeba jeneza wa wote wawili. Kwenye majina yanayopita mwisho wa picha walitupa majina ya Kimarekani ya kubuni, ili watu wadhani picha imetoka Amerika. Kwa hiyo nilikuwa Mmarekani miaka mingi kabla sijaiona Amerika, na hakuna aliyeniuliza viza.

Tulikuwa na desturi mbili, na nakuomba uzishike, kwa sababu yote niliyo nayo ya kukuambia yamo ndani yake.

Desturi ya kwanza ilihusu maboksi. Siku hizo hakukuwa na mifuko ya hewa mnayotumia nyinyi. Tuliangukia maboksi matupu ya karatasi, yamepangwa ghorofa kwa ghorofa, na magodoro juu yake. Na hakuna aliyepanga maboksi yake mwenyewe. Mwenzako alikupangia wewe, nawe ukampangia yeye. Anselmi alisema mtu akijipangia, hofu inamfanya aongeze hapa na pale mpaka anaharibu. Lakini akimpangia rafiki, anafikiri kwa akili timamu. Na yalipangwa kwa kipimo cha mwili. Kwa mtu mzito kama mimi, maboksi yalifungwa vifuniko na kubanwa kwa kamba, yasije yakapondeka yote mara moja. Kwa mtu mwepesi kama Anselmi, vifuniko viliachwa wazi na kamba kulegezwa, ili yampokee laini.

Desturi ya pili ilihusu kuamka. Ukishaanguka, hata kamera ikisimama, hata ukijisikia mzima, huamki. Unalala hapo hapo mpaka mwenzako aje akuguse bega na kukuuliza jina la mama yako. "Mwili ni mwongo," Anselmi alisema. "Unavunjika, halafu unaamka unatabasamu, unapiga hatua, ndipo unajua. Kwa hiyo lala. Nitakuja. Ukinitajia mama, nakuamsha." Katika miaka ile nilitaja jina la bibi yako kwenye vumbi la machimbo ya mchanga, kwenye matope, kwenye bwawa lenye maji baridi. Waitaliano wale wote walilijua. Walilitamka vizuri kuliko walivyolitamka la kwangu.

Sasa nakuja kwenye mnara.

Ilikuwa picha ya kauboi. Mji ulikuwa wa mbao, umejengwa kwa wiki chache, lakini mnara wa kengele ulikuwa wa mawe, wa kanisa la zamani lisilotumika. Nilikuwa jambazi aliyefunika uso kwa kitambaa. Napigwa risasi juu ya mnara, natoka dirishani, naanguka chini. Maboksi alinipangia Anselmi. Niliyatazama kabla ya kupanda na hayakuwa na kasoro. Nilishawahi kuanguka kutoka mahali parefu kuliko pale.

Nilipanda. Nikasimama dirishani. Chini, turubai lililofunika maboksi lilionekana kama kitanda cha mtoto. Sikuona kizunguzungu. Sikuwa nimeota ndoto mbaya. Miguu ilikataa tu, kama punda anavyokataa daraja, bila sababu ambayo ungeweza kuwaeleza watu. Mwongozaji akaita kwa kipaza sauti: "Sasa!" Nami nikajiambia, sasa. Nikabaki pale pale. Akaita tena. Njiwa mmoja akaja akatua kwenye kengele, akanitazama kana kwamba naye anasubiri.

Nikageuka, nikashuka.

Nilipotokea mlangoni hakuna aliyenitukana. Ningepata nafuu kama wangenitukana. Mwongozaji alitazama jua tu, akasema, "Linakwenda. Nani anaruka?" Anselmi akanyoosha mkono. "Lete," akaniambia. Nikavua joho na kitambaa changu nikampa. Joho lilimfika kwenye vifundo vya miguu. Mtu wa mavazi akalipandisha kwa pini. Akapanda.

Hapa sikiliza vizuri, kwa sababu kosa langu liko hapa, si kule juu.

Maboksi yale yalikuwa yangu. Yalipangwa kwa uzito wangu. Akibadilika anayeanguka, maboksi yanapangwa upya, na wa kuyapanga ni mwenzake. Mwenzake nilikuwa mimi. Ilikuwa kazi ya muda wa kunywa kikombe cha kahawa: kukata kamba, kufungua vifuniko vya juu, kurudisha magodoro. Wote walikuwa na haraka ya jua, na Anselmi mwenyewe sijui kama alisahau au aliniamini. Mimi sikusahau. Nilikuwa nimekaa kwenye kizingiti cha mnara, kichwa katikati ya magoti, naona aibu. Na aibu, mwanangu, ni kitu chenye kujipenda sana. Haikuniachia nafasi ya kumfikiria mtu mwingine. Neno moja lingetosha: ngojeni. Lakini nilijiuliza, mtu aliyetoka kukataa kuruka atawaambiaje watu wangoje?

Maboksi mazuri yakimpokea mtu hutoa sauti kama ya mzee anayeketi kitini. Yale yalitoa sauti ya mlango unaopigwa na upepo.

Watu wakapiga makofi, kwa sababu kwa macho lilikuwa anguko zuri sana. Anselmi akalala, na kila mtu akadhani anafuata desturi. Wakaanza kukunja nyaya. Nami nimekaa. Sikuweza kwenda kumgusa. Nilijiona sistahili tena kumgusa mtu bega. Alilala pale mpaka vivuli vya nyumba za mbao vikamfikia, ndipo nikasikia sauti yake:

"Mrefu! Njoo basi. Nimechoka kuwa maiti."

Nikaenda mbio. Nikamgusa bega. Nikamuuliza jina la mama yake.

"Assunta," akasema. "Lakini usininyanyue. Nyonga imekwenda."

Hospitalini nilikwenda na machungwa na hotuba ya kuomba msamaha, nimeiandaa kwa Kiitaliano cha kitabuni. Hakuniruhusu nifike sentensi ya pili.

"Niambie kitu kimoja. Ulishukaje kule?"

"Kwa ngazi."

"Ngazi zile zile za kupandia?"

"Zile zile."

"Ajabu," akasema. "Miaka yote hii napanda minara, sikuwahi kujua kwamba ngazi zake hushuka pia." Akacheka, plasta ikambana, akapiga yowe, akacheka tena mpaka muuguzi akaja kutukaripia. Alipotulia akanishika mkono. "Kwa kushuka sina neno na wewe. Mimi nimewahi kutaka kushuka, nikaona haya, nikaruka. Aliyenisaidia ni bahati, si ushujaa. Lakini maboksi, Mrefu. Maboksi ungepanga."

"Ndiyo."

"Basi. Menya chungwa."

Hatukulizungumzia tena kwa uzito. Niliacha kuanguka, nikarudi darasani, nikamaliza masomo niliyotumwa kuyasoma. Lakini watu wa sinema waliendelea kuniita, na siku moja ofisini karani aliponiuliza kwa nini siji kazini, mdomo wangu ukasema, "Goti." Nilipomsimulia Anselmi alifurahi kama mtoto. Wakati huo alikuwa anatembea kwa fimbo. Akaniazima fimbo, akanisimamisha katikati ya chumba chake, akanifundisha kuchechemea. "Hapana, hapana, huo ni mguu wa mlevi. Tena." Kisha akanipa siri ya kazi: weka kokoto ndogo ndani ya kiatu, usije ukasahau ni mguu upi. Hivyo ndivyo goti lako hilo lilivyozaliwa, Atupele. Lina kokoto, na mwalimu wake ni mtu niliyemvunja nyonga.

Mama yako aliligundua mapema. Tulikuwa bado maharusi, yeye anasafisha viatu vyangu, akaikuta. Hakuuliza. Akairudisha mahali pake. Miaka ikapita, tukaja huku, na siku moja tunatoka kwenda harusini kule Saint Paul akaniambia mlangoni, "Baba Atu, leo umesahau kokoto yako." Nikamuuliza amejua tangu lini. Akasema, "Goti linalouma siku za makochi tu, hata mwanafunzi wa uuguzi wa mwaka wa kwanza analijua." Hapo ndipo panapomhusu. Nimeishi na mwanamke aliyemwacha mume wake achechemee bila kumwaibisha, na kama kuna jambo ninalojivunia maishani mwangu ni kwamba alinichagua.

Anselmi naye? Huu ndio upande wa hadithi ninaoupenda. Alipotoka hospitali hakuweza tena kuanguka, na kwa mtu wa kuanguka hiyo ni njaa. Lakini mwongozaji mmoja alihitaji mlinzi wa gereza wa kukaa kwenye kiti na funguo, asiyesema neno. Anselmi akakaa. Alikaa vizuri mno. Alikuwa na ile pua, na macho ya mtu aliyekwisha kusikia visingizio vyote duniani. Wakampa neno moja, baadaye sentensi. Akawa mwenye baa, hakimu mla rushwa, mtawa anayependa kula, baba wa bibi harusi, mzee wa kijiji anayekataa kusema majambazi wamepita wapi. Jina lake halikuwahi kutangulia, wala hakulitaka litangulie. Watu walimsimamisha mitaani bila kujua wamemwona wapi. "Tulisoma pamoja, siyo?" wakamuuliza. "Darasa moja," akawajibu, na wakamnunulia kahawa. Aliniambia ana wanafunzi wenzake jiji zima.

Sisemi kwamba nilimfanyia wema. Siku za baridi nyonga ilimlaza kitandani, na mimi nilijua ni maboksi ya nani. Lakini nakuambia kwamba maisha yake hayakuishia pale chini ya mnara, na kwamba yeye ndiye aliyekataa yaishie pale, akanikataza na mimi.

Nilirudi nyumbani, nikafundisha, nikamwoa mama yako nikiwa mtu mzima tayari, tukakupata wewe tulipokuwa tumeacha kutarajia, tukakupa jina la bibi yako. Mama yako alipopata kazi Minnesota tulimfuata. Majira ya kwanza ya baridi, pale Phillips, uliteleza kwenye barafu mbele ya nyumba ukaangukia mkono, ukalia. Nikakuambia: kidevu kifuani, mgongo mviringo, mikono isishike dunia, pumzi nje. Tukafanya juu ya godoro sebuleni mpaka jirani wa chini akagonga dari kwa ufagio. Siku iliyofuata uliteleza kwa makusudi njia nzima mpaka kituo cha basi. Pale ndipo ulipoanza kazi yako, si kwenye ukumbi wowote.

Unakumbuka habari zilivyofika kanisani? Mchungaji akaniomba niwafundishe akina mama kuanguka, maana kila wiki mmoja alikuja na mkono kwenye plasta. Tukatandaza magodoro chini kwenye ukumbi. Mama Furaha akasimama na mkoba wake, hataki hata kuuweka chini. "Papa, miye nianguke kwa kupenda? Barafu itaniangusha bure, haihitaji msaada!" Wewe, mtoto mdogo, ukaanguka mbele yake, ukalala, ukasubiri. Hakuna aliyekuja. Ukafumbua jicho moja: "Mama Furaha, you have to touch me!" Akaweka mkoba chini, akaja akakugusa. Kisha akaanguka mwenyewe, na jengo zima likalia kwa vicheko. Hajavunjika kitu mpaka leo, na kila Krismasi ananiletea sombe, kisamvu cha kwao.

Januari hii nilianguka bafuni, mama yako amekuambia. Ambalo hakukuambia ni kwamba nilianguka vizuri. Kidevu kifuani, mgongo mviringo. Nililala chali nikitazama taa, mzima kabisa, nimeridhika na nafsi yangu. Mama yako akaja mbio. "Mbona huiti? Umeumia?" Nikamwambia, "Niguse bega kwanza." Akakaa chini sakafuni, na sare yake ya kazi, akanigusa. "Jina la mama yako?" Nikalitaja. Hatukuamka haraka. Tulikaa pale tukiongea habari zako.

Mara ya mwisho nilipoongea na Anselmi kwa simu alikuwa mzee sana, anaishi kwa binti yake, sauti imekwisha lakini utani umebaki. "Bado unachechemea?" akaniuliza kama kawaida yake. Nikamwambia binti yangu naye anaanguka.

"Anaanguka vizuri?"

"Kuliko sisi wote."

"Anajua kwamba ngazi hushuka pia?"

Nikamuuliza habari za binti yake. Naye akasema, "Mrefu, Mrefu," kama mtu anayemwita mwenzake aliyekaa kizingitini. Alikufa kabla ya majira ya joto, kwenye kiti chake, ambako alikuwa hodari.

Basi nimekuambia. Sikuambii ukatae, wala sikuambii uruke. Utakuwa dirishani wewe, si mimi, na miguu itakuwa yako. Nimekuona ukipaa kutoka kwenye jukwaa lile refu la ukumbi wa mazoezi na nilisahau kupumua kwa furaha, si kwa hofu. Nenda ukaanguke. Ila siku miguu ikikataa, usimtafute baba yako asiyekataa. Mtafute huyu aliyeshuka. Na ukishashuka, tafadhali, usikae mlangoni na kichwa katikati ya magoti. Inua uso, sema ngojeni, hata kama wanalitazama jua, ukaone mwenzako anaangukia nini. Mimi nilikosea hapo tu, na hapo tu palitosha.

Kiti changu ni kizuri, chai imepoa, na nasikia gari la mama yako linaingia. Kesho asubuhi, ukishamaliza kusoma, mimi nitakuwa kitandani nimefumba macho. Usidhani nimelala, na usiondoke kwa kunyata eti usinisumbue. Njoo uniguse bega, uniulize jina la mama yangu. Nitakujibu, na utaona jinsi ninavyopenda kulitamka. Na kama siku moja utarudi kutoka huko, ukanigusa, ukaniuliza, nami nikanyamaza, usiogope na usijilaumu. Jua nilianguka vizuri. Lijibu wewe mwenyewe. Jina ni lako.

Gusa bega la kushoto. La kulia linauma, na safari hii ni kweli.

Baba yako